Pedi Iliyosema Che

Aliyegeuka kwanza alikuwa paka.

Paka huyo hakuwa wa mtu. Kila alasiri alilala juu ya ukuta wa ua, mkia ukining'inia, na hakuna kilichomshtua: si mlango wa bati, si ndoo kuanguka, si kicheko cha shangazi. Lakini Alhamisi ile gari lilipoingia uani na baba akakanyaga breki, paka aliinua kichwa, masikio yakasimama wima, akalikodolea macho gurudumu la mbele la kushoto kama mtu aliyeitwa jina lake.

Tochi alikuwa akianika nguo. Naye alisikia. Ilikuwa sauti nyembamba kama uzi, iii, ikakatika gari liliposimama.

Baba alizima injini, akashuka, akausukuma mlango kwa kiuno kama kawaida yake. Hakuinama. Hata kulitazama gurudumu hakulitazama. Alisema, "Mletee shangazi yako maji," akaingia ndani.

Tochi akabaki na kibanio cha nguo mdomoni. Duniani wako watu wengi ambao sauti ile ingewapita, lakini si baba yake. Baba yake alikuwa Fundi Sikio.

Jina hilo alipewa na mtaa, na mtaa haukumpa bure. Zamani, ua huu ulipokuwa gereji, magari yalipanga foleni mpaka nje ya lango. Mafundi wengine walifungua injini kwanza, wakatafuta ugonjwa baadaye. Baba yeye alivuta kigoda, akakaa mbele ya gari, akafumba macho. "Liwashe," alisema. Halafu, "Zima." Halafu alitaja ugonjwa, na wewe uende ukafungue popote utakapo, utaukuta palepale alipopataja. Wateja waliokuja wakidanganya kwamba gari halina neno, linahitaji kuoshwa tu, aliwaambia, "Mficha maradhi, kifo humuumbua. Washa."

Tochi naye jina lake lilitoka katika ua huohuo. Alipokuwa darasa la tano, mwaka mmoja baada ya mama yake kufariki, mwalimu alimsimamisha asome mbele ya wenzake. Akafungua kitabu, akafungua mdomo, sauti haikutoka. Darasa likacheka. Kesho yake ikawa vilevile. Siku ya tatu alitoka nyumbani na mkoba, akazunguka nyuma ya nyumba, akajibanza gerejini katikati ya matairi. Baba alimkuta. Hakumpiga. Alimtazama kwa muda, kisha akampa tochi. "Haya, nishikie hapa, mpaka sauti irudi."

Sauti haikurudi upesi, na shuleni hakurudi tena. Lakini siku zile, Mungu ndiye anayejua, zilikuwa tamu. Alikalia sanduku la mbao lililoandikwa namba za simu za mtu asiyemjua, akashika tochi, akajifunza. Harufu ya grisi na petroli ilikuwa kwake kama harufu ya uji kwa watoto wengine. Na kwa vile hakupenda kusema, yeye na baba walitengeneza lugha yao. Tochi akiona jambo lisilo sawa, nati iliyosahauliwa, mpira uliopasuka, hakusema neno. Alizima tochi, akaiwasha. Mara moja tu. Baba alisimamisha mkono palepale, akatazama mahali mwanga ulipoangukia. "Ahaa," alisema. "Ahsante, mwanangu."

Jioni walicheza mchezo. Wao wakiwa jikoni, gari likipita barabarani, baba aliuliza, "Nani huyo?" Tochi alijibu kwa kunong'ona, "Lori la mchanga." Baba: "Na ana nini?" Tochi: "Ekzosi imetoboka." Baba alicheka mpaka kijiko kikamtoka mkononi.

Sasa gereji ilikuwa imefungwa miaka miwili. Uani yalibaki madoa meusi ya oili ambayo mvua imeshindwa kuyaosha, na gari moja, jeupe lililopauka, la baba mwenyewe. Kazi yake kubwa ilikuwa kumpeleka shangazi zahanati kila Alhamisi, kwa ajili ya mguu wake. Zahanati iko chini ya mteremko mrefu, na mwisho wa mteremko huo pana soko, na wachuuzi hupanga nyanya zao mpaka ukingoni mwa lami.

Shangazi hakusikia kitu, na hilo si la kustaajabisha. Shangazi akiwa ndani ya gari, hasikiki yeyote ila yeye.

Ukweli ni kwamba dalili zilikuwapo kabla ya paka. Baba alianza kucheka mzaha baada ya wengine kumaliza. Alijibu "eeh" palipohitajika "hapana". Redio iliongezwa kidogo, na kidogo tena. Tochi alizipita dalili hizo kama unavyompita mtu mliyegombana naye njiani, macho chini. Angeanzaje? Kumwambia Fundi Sikio kwamba hasikii ni kama kumvua nguo sokoni.

Alhamisi ya pili ilifika. Shangazi alipanda gari akilalamika kwamba kiti kimekuwa kigumu. Baba akarudi nyuma, akashika breki langoni. Iii. Paka akageuka. Tochi alisimama na ufagio mkononi, akafungua mdomo, kama siku ile ya darasani. Gari likaondoka. Saa mbili nzima alifagia mahali palepale, mpaka waliporudi salama.

Jumatano iliyofuata, baada ya chakula cha mchana, alijikaza. Hata hivyo hakusema lililokuwa moyoni, alisema la pembeni yake.

"Baba, rimu za mbele zimejaa vumbi jeusi."

Baba alikuwa akimenya chungwa. "Nini?"

"Vumbi. Rimu. Za mbele."

"Zinalia?"

Tochi akalitazama chungwa. "Vumbi limekuwa jingi tu."

Baba aliweka kisu chini, na uso wake ukachangamka kama wa mtu aliyeletewa habari za rafiki wa zamani. "Basi tufungue! Kalete tochi."

Walifanya kazi chini ya kibanda cha bati, ambako hata mchana mwanga ni wa kubahatisha. Baba aliweka mawe nyuma ya magurudumu ya nyuma, akalegeza nati za mbele gari likiwa bado chini, ndipo akapiga jeki na kuweka stendi za chuma. "Asiyeogopa gari lililoinuliwa," alisema, "hajawahi kuliona likianguka." Maneno yaleyale ya miaka yote. Tochi alivuta sanduku lake la mbao. Lilikuwa limekuwa dogo, magoti yalimfika kidevuni.

Gurudumu la kushoto lilitoka. Baba alifungua boliti ya chini ya kalipa, kile chuma kinachozibana pedi mbili kwenye diski, akakiinua kama mfuniko wa sufuria. Akachomoa pedi ya ndani, akaiweka kwenye mwanga.

"Yaa! Tazama. Imebaki kama biskuti iliyolambwa."

Kwenye ubavu wa pedi ile kulikuwa na kijibati kidogo kilichopinda kama ukucha. Kazi ya kijibati hicho ni moja: pedi ikikaribia kuisha, kinagusa diski na kupiga kelele, ili dereva ajue. Ncha yake ilikuwa imesuguliwa mpaka inang'aa kama sarafu mpya.

"Hiki kilikuwa kinagusa diski," baba alisema polepole. "Na si jana wala juzi. Lazima kilikuwa kinalia." Alimgeukia binti yake. "Umesikia chochote?"

Tochi aliinua mabega.

Baba alikipapasa kijibati kwa kidole gumba, akapapasa tena. "Haya," alisema mwishowe. "Twende dukani kabla hakujajaa watu."

Walikwenda kwa miguu, pedi kuukuu ikiwa ndani ya mfuko wa karatasi. Muuza spea, mwanamume mnene anayejulikana kwa jina la Bei Poa, aliinuka walipoingia. Mafundi wawili waliokuwa kwenye benchi nao waliinuka, mmoja akavua kofia.

"Shikamoo, Fundi Sikio!"

"Marahaba, marahaba. Kaeni, sijaja kuomba kura."

"Na Tochi yupo! Mbona huwaki leo, mwenzangu? Betri zimeisha?"

Tochi alitabasamu akitazama sakafu.

"Mwacheni," alisema yule wa kofia. "Kimya kingi kina mshindo."

Baba aliweka pedi kuukuu juu ya kaunta. Bei Poa akatoa maboksi matatu. "Chukua hizi, fundi. Ndizo zinazotoka sana."

"Hata roho hutoka, mwanangu. Nionyeshe zinazokaa."

Benchi likaangua kicheko. Baba alifungua boksi moja moja bila haraka. Za kwanza alizikwaruza kwa ukucha. "Hizi laini mno. Zitashika vizuri mwezi mmoja, halafu zote zitakuwa vumbi kwenye rimu." Za pili zilimetameta chembe za chuma. "Hizi ngumu. Hazitaisha upesi, ila zitakula diski, nami nitarudi kununua diski. Ni sawa na kuoa mke asiyekula lakini anakukula wewe." Za tatu alizipima kwa jicho, akalaza pedi kuukuu juu ya mpya, akahakikisha masikio ya bati yanalingana na matundu yanakaa mahali pake. "Hizi ndizo za gari langu."

"Nazifunga?"

"Ngoja zizungumze kwanza."

Duka lote lilijua kinachofuata. Watu hugonga chungu kabla ya kukinunua, wasikie kama kina ufa. Baba aligonga pedi. Kama tabaka la kusugulia limeshikana vizuri na bati lake, alisema, pedi husema ko. Kama halijashikana, husema che, na pedi ya che siku moja hubanduka ukiwa unashuka mlima. Aliining'iniza pedi ya kwanza kwenye ncha ya kidole, akaigonga kwa spana ndogo.

Ko.

Ya pili. Ko.

Ya tatu. Ko.

Ya nne. Che.

Tochi alishtuka kama aliyefinywa. Alimtazama baba. Baba alikuwa amefumba macho kama zamani, kichwa kimeinama kidogo upande, uso umetulia.

"Safi," baba alisema. "Zote nne."

"Sikio halizeeki!" alisema yule wa kofia.

Bei Poa hakusikia kwa sababu alikuwa anatafuta mfuko. Wale wa benchi hawakusikia kwa sababu walikuwa wanamtazama Fundi Sikio, na mtu kama huyo akishasema safi, nani atasikiliza pedi? Tochi alihisi ulimi umekuwa mzito kama jiwe la kusagia. Watu watatu mbele yake, na baba katikati yao, na heshima ile yote. Alipokea mfuko. Alichoweza kufanya kilikuwa kidogo: wakati Bei Poa akizitia pedi ndani, aliishika ile ya nne kwa vidole vyake mwenyewe, akaiweka chini kabisa.

Njiani baba alikuwa na furaha. Alimwonyesha mti ambapo aliwahi kutengeneza basi la harusi huku bwana harusi akiwa ameshika mwavuli. Alisimulia habari ya mteja aliyeapa kwamba gari lake lina jini, kumbe panya alizaa kwenye kichujio cha hewa. Tochi alizijua hadithi zote, na zote alizipenda. Lakini kesho ilikuwa Alhamisi.

Shangazi, waliyemkuta uani amejinyoosha kwenye mkeka, mguu juu ya mto, aliwapokea kwa sauti. "Mmelivua gari viatu! Kesho nitakwenda na nini, na ungo?"

"Kesho litakuwa na breki za kusimamisha hata mdomo wako!" baba alimjibu.

"Hizo bado hazijatengenezwa, kaka yangu."

Walianza na upande wa kulia. Baba alikuwa mwepesi kama kijana. Aliining'iniza kalipa kwa waya ili mpira wa mafuta usibebe uzito wake. Akafungua kifuniko cha kikopo cha mafuta ya breki, akamwambia Tochi achunge yasifurike. Akaisukuma pistoni irudi ndani taratibu kwa klampu, huku ameweka pedi kuukuu katikati, pistoni isije ikakwaruzwa. Akasafisha pini zinazoshika kalipa, akazipaka grisi kidogo. Pedi ya kwanza ikaingia. Ya pili ikaingia. Tochi alizitoa mfukoni moja moja, za juu kwanza.

Wakahamia kushoto. Pedi ya nje ikaingia. Baba alinyoosha mkono bila kutazama. "Leta ya mwisho."

Alimpa. Baba aliisogeza kwenye nafasi yake.

Tochi alizima tochi, akaiwasha.

Mkono wa baba ulisimama palepale. Miaka miwili hawakuwa wamefanya hivyo, lakini mkono ulikumbuka. Akatazama mahali mwanga ulipoangukia. Akatazama boliti, akatazama mpira, akatazama diski.

"Naona iko sawa," alisema.

Tochi alizima tena, akawasha, mwanga ukiwa juu ya pedi yenyewe.

Baba aliigeuza pedi. Akaisogeza karibu na macho, akapitisha kidole ukingoni. Ilikuwa mpya, nyeusi, nzuri. Akachukua spana, akaigonga.

Che.

"Inasema vizuri," baba alisema.

Juu ya ukuta, paka alikuwa amelala. Shangazi alikuwa ameanza kukoroma. Tochi alielewa kwamba mwanga wake umefika mwisho wa kazi yake. Jambo hili halikuwa la kumulikwa.

"Haisemi vizuri," alisema.

"Nini?"

Hapo ndipo palipokuwa na ugumu wote. Kusema mara moja alikuwa ameweza. Kurudia, na kwa sauti, ndiko kulikokuwa darasa la tano. Akavuta pumzi.

"Haisemi vizuri, baba! Imesema che! Na dukani ilisema che!"

Shangazi aliacha kukoroma. Paka aliinua kichwa.

Baba aliisogeza pedi sikioni, akaigonga. Akaihamishia sikio la pili, akaigonga. Kisha akaacha kugonga. Aliingiza mkono kwenye mfuko wa shati, akatoa wembe anaosafishia plagi, akaujaribu ukingoni mwa pedi, mahali tabaka linapokutana na bati. Pembe tatu wembe ulikataa. Pembe ya nne ulipita, ukazama hadi katikati, laini, kama unavyopita kati ya kurasa za kitabu.

Alikaa chini kwenye madoa ya oili, miguu ameinyoosha, pedi mapajani. Alionekana mdogo. Tochi alitamani ardhi ipasuke.

"Fundi," shangazi aliita kutoka mkekani, "kuna nini?"

"Lala, dada yangu. Kesho utachukua teksi."

"Teksi! Na mguu huu!"

"Teksi haiendeshwi kwa mguu wako."

Kisha baba akaanza kucheka. Alicheka taratibu, mabega yakitikisika, kama mtu anayecheka jambo la zamani. "Miaka kumi na mitatu," alisema. "Miaka kumi na mitatu nimeingoja sauti hii irudi. Nayo ikarudi kuja kunigombeza." Alifuta macho kwa mgongo wa mkono, akabaki na mstari wa grisi shavuni. "Kesho tutairudisha dukani. Bei Poa hana kosa, boksi lilikuwa limefungwa. Mwenye kosa ni aliyesema safi."

Tochi alikuwa bado ameshika tochi ikiwaka, ingawa hapakuwa na kitu cha kumulika.

Baba aliokota ile pedi kuukuu kutoka chini, akakigeuza kijibati kinachong'aa kikatazama jua lililobaki. Kicheko kilikuwa kimekwisha.

"Na hii," alisema. "Nilikuuliza, ukainua mabega. Ilikuwa inalia?"

Tochi aliizima tochi, akaiweka juu ya sanduku la mbao. Akaenda akakaa chini ubavuni mwa baba, mdomo karibu na sikio lake, na safari hii hakunong'ona.

"Ilikuwa inalia, baba. Wiki mbili sasa. Paka alisikia, mimi nikasikia, wewe hukusikia. Na Alhamisi iliyopita niliwaacha mshuke mteremko ule huku najua, kwa sababu niliogopa watu hawatakuita tena Sikio. Masikio yako yamechoka, baba. Yangu mazima, na ni wewe uliyeyafundisha. Niache nikae pembeni yako nikusikilizie, kama nilivyokuwa nakumulikia."